Mashine ya Kufyonza Vumbi Ikianza Kulia: Namna ya Kuisikiliza Kabla ya Kuifungua

Alfajiri, kabla foleni ya Barabara ya Kilwa haijashika, vituo vya kuoshea magari vya Mbagala, Mtoni na Kurasini huwa vimekwisha kuamka. Sauti ya kwanza kusikika ni ya pampu ya maji. Ya pili ni mvumo wa mashine ya kufyonza vumbi, ambayo vijana wa vituo hivyo huiita vakyumu. Ndivyo ilivyo pia upande wa Kinondoni, kuanzia Mwenge na Kawe hadi Tegeta na Bunju. Mashine hiyo si chombo cha hoteli kubwa peke yake. Inatumiwa na mwenye nyumba ya wageni ya vyumba sita, na mwenye saluni, na kamati ya msikiti inayosafisha mazulia kabla ya mwezi wa Ramadhani, na mafundi wa makochi wa Keko wanaoondoa vumbi la mbao katika vitambaa kabla ya kukabidhi kazi kwa mteja.

Kwa wengi wao mashine hiyo ni mtaji. Halmashauri hutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa ajili ya mikopo ya vikundi: asilimia 4 kwa wanawake, asilimia 4 kwa vijana na asilimia 2 kwa watu wenye ulemavu. Mkopo huo hauna riba, lakini hurejeshwa. Kikundi kilichonunua mashine kwa fedha hizo hakiwezi kusubiri mwezi mzima bila kazi. Mashine ikinyamaza, tarehe ya marejesho hainyamazi.

Jambo la kheri ni kwamba mashine ya aina hii ni nadra kufa ghafla. Kwa kawaida hulalamika kwanza, siku kadhaa au wiki kadhaa kabla, na hulalamika kwa sauti. Mtumiaji anayejua kutofautisha sauti hizo huokoa mota kwa gharama ya kichujio kimoja au beringi mbili. Asiyejua huendelea na kazi mpaka moshi utokee, kisha hutafuta mota nzima, ambayo mara nyingi haipatikani kwa aina ya mashine aliyonayo.

Kelele ya kawaida na kelele ya hitilafu

Hakuna mashine ya kufyonza vumbi isiyokuwa na sauti. Ndani yake mna mota ndogo yenye feni iliyofungwa kwenye mhimili mmoja nayo, na mota hiyo huzunguka mara 20,000 hadi zaidi ya 30,000 kwa dakika. Injini ya gari dogo likiwa katika mwendo wa kawaida wa barabarani huzunguka mara 2,000 hadi 3,000 tu. Hewa inayosukumwa kwa kasi hiyo lazima ivume. Hubert Cecil Booth, Mwingereza aliyebuni mashine ya kwanza ya kufyonza vumbi kwa mota mwaka 1901, aliiweka juu ya gari la kukokotwa na farasi na kuingiza mipira mirefu majumbani kupitia madirishani. Husimuliwa kwamba mngurumo wake uliwatia hofu farasi wa wapita njia katika mitaa ya London. Zaidi ya karne moja baadaye kelele bado ni suala: tangu Septemba 2017 Umoja wa Ulaya hauruhusu mashine mpya za nyumbani zinazozidi desibeli 80 kuingizwa katika soko lake. Mashine za mtumba zilizotengenezwa kabla ya hapo hazikubanwa na kanuni hiyo, na baadhi yake ndizo zinazouzwa hapa nchini.

Kwa hiyo kelele peke yake si ugonjwa. Ugonjwa ni kelele iliyobadilika. Mtu anayetumia mashine moja kila siku huifahamu sauti yake kama anavyofahamu kikohozi cha mtoto wake, na anastahili kuuamini ufahamu huo. Fundi mzoefu anapoletewa mashine haanzi na bisibisi. Huanza kwa kuuliza: ilianza kulia lini, ililia ghafla au kidogo kidogo, ilikuwa inafyonza nini siku hiyo, na je, ilifyonza maji? Mteja anayeweza kujibu maswali hayo manne amekwisha kumfanyia fundi nusu ya kazi.

Sauti inayopanda na kuwa nyembamba

Malalamiko yanayosikika zaidi ni kwamba mashine "inalia sana lakini haivuti". Sauti hupanda, huwa nyembamba na kali, na wengi hudhani kwamba mota inazidiwa na mzigo. Ukweli ni kinyume chake. Mzigo wa feni ni hewa. Njia ya hewa ikiziba, feni hubaki ikizungusha hewa kidogo ile ile, mzigo hupungua, na mota huongeza mwendo. Sauti kali ni ya mota inayokimbia bila kazi, mithili ya baiskeli iliyokatika mnyororo.

Yapo majaribio mepesi ya kuijua sauti hiyo. Mashine ikiwa nzima, mtumiaji na azibe mdomo wa mpira kwa kiganja kwa muda wa sekunde mbili au tatu tu, asikilize jinsi sauti inavyopanda, kisha aachie. Akiisikia tena sauti hiyo wakati mpira uko wazi, na ajue kwamba kuna kilichoziba ndani.

Hatua inayofuata ni kutafuta kilipo. Mashine izimwe, plagi itolewe kwenye soketi, na mpira uchomolewe kwenye tangi. Kisha iwashwe tena kwa muda mfupi bila mpira. Sauti ikirudi katika hali yake ya kawaida, kizuizi kimo ndani ya mpira au kwenye kichwa cha kufyonzea. Ikiendelea kuwa kali, kizuizi ni mfuko uliojaa au kichujio kilichozibwa na vumbi. Kwa kuangalia ndani ya mpira, inatosha kuunyoosha na kudondosha sarafu upande mmoja. Isipotoka upande wa pili, jibu limepatikana. Kizuizi kisukumwe kwa fimbo laini yenye ncha butu, kamwe si kwa waya wa chuma, kwani waya hutoboa mpira na kuanzisha tatizo jingine.

Kinachoziba hutegemea kazi. Kwenye daladala na teksi ni maganda ya karanga, vifuniko vya chupa, tiketi na mchanga. Misikitini ni nyuzi za mazulia zinazojikunja na kuwa mithili ya sufi. Saluni ni nywele, ambazo zaidi ya kuziba hujizungusha kwenye brashi ya kuzunguka mpaka brashi ikwame na mkanda wake uanze kunuka mpira ulioungua. Adui mkubwa kuliko wote katika mitaa isiyo na lami, hasa miezi ya Juni hadi Septemba mvua zinapokuwa mbali, ni vumbi laini ambalo halionekani likiingia. Hilo haliuzibi mpira. Huingia kwenye vitundu vya kichujio na kukifanya kiwe kama ukuta uliopigwa lipu.

Namna ya kusafisha kichujio huleta hasara nyingi kuliko vumbi lenyewe. Kichujio cha karatasi hakioshwi, isipokuwa mtengenezaji awe ameandika kwamba kinaoshwa. Hakipigwi ukutani, maana mikunjo yake hupasuka na vumbi hupata njia ya moja kwa moja kwenda kwenye mota. Kipigwe kwa upole juu ya gazeti, au kipulizwe kwa hewa ya kompresa kutoka ndani kwenda nje, kwa umbali wa kutosha, huku anayepuliza akiwa amevaa barakoa. Kichujio cha kitambaa au sponji huoshwa kwa maji na sabuni kidogo, lakini kirudishwe kikiwa kimekauka kabisa. Wakati wa masika kinaweza kuchukua zaidi ya siku moja kukauka kivulini. Kikundi chenye kazi ya kila siku kina sababu nzuri ya kuwa na vichujio viwili, kimoja mashineni na kimoja kambani. Kichujio kibichi kikikutana na vumbi hutengeneza tope, na tope likikauka halitoki tena.

Mashine zinazofyonza maji zina jambo lao. Ndani ya tangi mna boya. Maji yakijaa, boya hupanda na kuziba njia ya hewa ili maji yasifike kwenye mota. Sauti hupanda ghafla na uvutaji hukoma. Wapo waliopeleka mashine kwa fundi na kulipia uchunguzi, kumbe ilikuwa inaomba kumwagwa maji tu.

Kosa la kufyonza kwa muda mrefu wakati njia imeziba hutofautiana uzito kulingana na aina ya mashine. Katika mashine nyingi za nyumbani, hewa iliyofyonzwa na kuchujwa ndiyo hupita kwenye mota na kuipoza. Hewa ikikosekana, mota hupata joto haraka. Baadhi zina swichi ya joto inayoikata umeme, kisha ikipoa huwaka tena. Mashine inayozima yenyewe na kuwaka baada ya nusu saa haina "shetani". Inajiokoa, na inapaswa kusafishwa kabla ya kuwashwa. Zile kubwa za kufyonza maji na vumbi kwa kawaida zina njia ya pekee ya hewa ya kupoza mota, hivyo huvumilia zaidi, ila uvutaji wake ukipungua kazi ya dakika kumi huwa ya dakika ishirini. Mashine ya wati 1,400 hula uniti 1.4 za LUKU kwa saa. Kikundi kinachoona uniti zinakwisha upesi na magari hayaongezeki kinaweza kupata maelezo ndani ya kichujio.

Mluzi

Mluzi ni hewa inayoingia pasipostahili. Mara nyingi ni ufa katika mpira, karibu na mahali mkono unaposhika, kwa sababu ndipo unapokunjwa siku nzima. Mahali pengine ni raba inayozunguka mdomo wa tangi, ambayo hukakamaa kwa jua, na klipu za kichwa cha mashine zilizovunjika na kufungwa kwa kamba. Kipande chembamba cha karatasi laini kikipitishwa polepole kwenye maungio huku mashine ikivuma, huvutwa pale penye upenyo. Ufa ulio karibu na ncha ya mpira unatibika kwa kukata sehemu iliyopasuka na kuirudisha kola yake kwenye sehemu nzima. Tepe huvumilia wiki moja au mbili. Mluzi hauharibu mota, lakini hupoteza uvutaji, na upo uwezekano kwamba ufa ukiwa baada ya kichujio unaingiza vumbi moja kwa moja ndani.

Kugongagonga, kutetemeka, kusaga

Kelele ya kugonga ndani ya mpira ni ya kitu kilichokwama na mara nyingi hutoka chenyewe. Kugonga kunakotoka kwenye kichwa cha mashine ni jambo la kusitisha kazi papo hapo.

Inafaa kueleza kwa nini. Kichujio kikiwa na tundu dogo, au mashine ikiwashwa "mara moja tu" bila kichujio, punje ya kokoto hufika kwenye feni inayozunguka mara 25,000 kwa dakika. Punje hiyo hung'oa kipande cha bapa la feni au kulikunja. Feni ikishapoteza uzito upande mmoja huanza kuyumba. Kuyumba huleta mtetemo unaosikika hata kwenye sakafu. Mtetemo huzipiga beringi za mhimili pande mbili. Beringi zikilegea, mhimili hucheza na kuzikwaruza kaboni. Kaboni zikikwaruzwa hutoa cheche, na cheche hula shaba ya mota. Kuanzia kokoto hadi moshi inaweza kupita wiki tatu. Katika hatua yoyote kabla ya ile ya mwisho, matengenezo yanawezekana, na kadiri yanavyofanyika mapema ndivyo yanavyokuwa nafuu.

Beringi zikianza kuharibika hutoa sauti ya kusaga, kama jiwe juu ya jiwe, au mlio mkali unaosikika hata mtu akiwa nje ya geti. Wakati mashine inavuma ni vigumu kuitofautisha sauti hiyo na nyingine. Wakati wa kuisikiliza ni pale mashine inapozimwa. Umeme ukikatwa, mota nzima huendelea kuzunguka sekunde kadhaa ikipungua taratibu, kwa sauti laini inayofifia. Mota yenye beringi mbovu husimama upesi, na katika sekunde hizo za mwisho mkwaruzo wake husikika wazi, kwa sababu mvumo wa hewa umepungua. Jaribio hilo halihitaji kifaa chochote wala kufungua msumari hata mmoja, na mwenye mashine angelifanya kila jioni angegundua tatizo mapema sana.

Chanzo kikubwa cha kufa kwa beringi katika vituo vya kuoshea magari ni maji. Mashine ya kazi mbili hutumia kichujio cha karatasi au kitambaa kwa vumbi, na sponji kwa maji. Kijana akibadilisha kazi bila kubadilisha kichujio, unyevu na povu la sabuni hupanda mpaka kwenye mota. Kesho yake mashine huwaka vizuri. Baada ya siku kumi kutu imekwisha kuingia kwenye beringi. Maeneo yaliyo karibu na bahari, ambako hewa yenyewe ina chumvi, huharakisha jambo hilo.

Tiba ya mtaani ni kumwaga mafuta ya cherehani au oili ya injini kwenye mhimili. Sauti hupungua kwa siku mbili, na kwa siku hizo mbili kila mtu humsifu aliyemwaga. Beringi za mota hizi hujazwa grisi kiwandani na kufunikwa. Mafuta ya nje hayafiki yanapohitajika, bali huyeyusha grisi iliyomo na kuvuta vumbi. Beringi iliyoanza kusaga haitibiwi, hubadilishwa. Nambari yake imechongwa ubavuni. Iliyo ya kawaida katika mota ndogo ni 608, yenye tundu la milimita 8, kipenyo cha nje cha milimita 22 na unene wa milimita 7, na hupatikana katika maduka mengi ya beringi ya Kariakoo. Herufi zinazofuata nambari zina maana: ZZ ni kifuniko cha bati, 2RS ni kifuniko cha raba. Fundi anunue inayolingana na ya awali, na iwe ya daraja linalostahimili mwendo mkubwa. Beringi zote mbili zibadilishwe pamoja.

Kazi hii ni ya fundi. Nati ya feni katika baadhi ya mota hufunguka kwa kuzungushwa upande usio wa kawaida, na anayelazimisha huvunja mhimili. Beringi hutolewa kwa pula. Inayorudishwa husukumwa kwa kugusa pete ya ndani inayokaa kwenye mhimili. Ikigongwa kwa nyundo kwenye pete ya nje, gololi zake huingia mikwaruzo na beringi mpya huanza kulia siku hiyo hiyo. Mteja hana ulazima wa kujua kuifanya kazi hiyo, ila ana haki ya kukabidhiwa beringi za zamani na kuona kifungashio cha mpya.

Cheche na harufu

Sauti ya kuchachatika, kama mafuta ya kukaangia yaliyodondokewa na maji, hutoka kwenye kaboni. Hivi ni vipande viwili vidogo vinavyosukumwa na springi ili vipeleke umeme kwenye sehemu ya mota inayozunguka. Huisha taratibu kama chaki. Cheche ndogo za buluu zinazoonekana kupitia matundu ya hewa si jambo la ajabu. Duara la moto linalozunguka mhimili wote, likiambatana na harufu kali, ni onyo. Kuna namna ya kuitofautisha sauti hii na ya beringi: uchachatikaji hukoma papo hapo umeme unapokatwa, ilhali mkwaruzo wa beringi huendelea mpaka mota isimame.

Kaboni iliyobaki theluthi ya urefu wake ibadilishwe pamoja na mwenzake. Mafundi wengi huchukua kaboni ya dreli au ya grainda na kuisugua kwa msasa mpaka ienee. Ukubwa unaweza kulingana lakini ugumu usilingane, na kaboni ngumu kupita kiasi hula shaba ya mota, kitu ambacho hakina kipuri. Kaboni mpya pia huhitaji muda wa kukaa sawa. Fundi mwenye transfoma ya kupunguza umeme huiwasha mashine kwa umeme mdogo kwa takribani nusu saa kabla ya kuikabidhi. Mteja asimharakishe.

Umeme wenyewe

Baadhi ya kelele hazitoki mashineni. Umeme wa majumbani nchini ni volti 230. Jioni unapopungua, mota huzunguka polepole na sauti huwa nzito na ya uchovu. Hapo hakuna cha kutengeneza isipokuwa kusubiri. Hatari iko upande wa pili. Mashine za mtumba kutoka Japani zimetengenezwa kwa volti 100, na za Marekani kwa volti 120. Plagi ikikatwa na kufungwa nyingine ili iingie kwenye soketi ya hapa, mashine hupokea karibu mara mbili au zaidi ya umeme wake. Hulia kama king'ora, huvuta kwa nguvu inayomfurahisha mnunuzi, na huungua baada ya muda mfupi sana. Kibandiko kilicho nyuma au chini ya mashine kisomwe kabla ya fedha kutolewa. Anayeitaka mashine hiyo licha ya yote na anunue transfoma inayohimili wati zake zote, na aingize gharama hiyo katika bei.

Zipo hitilafu ambazo hazistahili uchunguzi wa mtumiaji hata kidogo. Mashine inayoguna bila kuzunguka, inayopiga shoti inapoguswa, inayotoa moshi, au iliyoingia maji kwenye kichwa, izimwe ukutani, si kwa swichi yake, na isiwashwe tena mpaka ipite kwa fundi. Kituo cha kuoshea magari ni mahali ambapo mtu husimama miguu imelowa akiwa ameshika kifaa cha umeme. Soketi yake inapaswa kuwa juu ya usawa wa maji yanayorushwa, na iwe imefungiwa swichi ya usalama inayokata umeme unapovuja kwa kiasi cha miliampea 30. Waya wa ekstensheni ufunguliwe wote kutoka kwenye gurudumu lake, kwani ukitumika ukiwa umezungushwa hupata joto na kuyeyuka. Majivu ya moto na mkaa visifyonzwe kamwe. Moto ukitokea, umeme ukatwe kwanza, na Jeshi la Zimamoto na Uokoaji hupatikana kwa namba 114.

Masikio pia ni sehemu ya usalama. Wataalamu wa afya kazini huchukua desibeli 85 kwa saa nane kuwa kikomo, na kila desibeli 3 zinapoongezeka muda salama hupungua kwa nusu. Mashine yenye beringi mbovu, ikitumiwa ndani ya gari lililofungwa vioo, inaweza kuvuka kiwango hicho. Kijana anayelazimika kuongeza sauti ya redio ili aisikie jioni baada ya kazi hajachoka tu. Milango ya gari ifunguliwe yote wakati wa kufyonza, na vizibo vya masikio vinunuliwe.

Wapi pa kwenda

Wanaotaka kujifunza kazi hii kwa undani wana Chuo cha VETA Chang'ombe, ndani ya Temeke, chenye mafunzo ya fani za umeme. Vikundi vyenye mkopo vinashauriwa kumweleza Afisa Maendeleo ya Jamii wa kata mapema mashine inapoharibika, kabla ya tarehe ya marejesho kupita. Kikundi kinachoweka akiba ndogo ya matengenezo kila wiki, hata kama ni bei ya kuosha gari moja, hupata fedha ya beringi na kaboni bila kuchangishana.

Vumbi linalotolewa mashineni liwekwe katika mfuko na kupelekwa kwenye gari la taka. Likimwagwa mtaroni hurudi barabarani na mvua ya kwanza, likiwa limeleta na maji. Mota iliyokufa isichomwe ili kupata shaba. Moshi wa plastiki ya waya ni sumu, na fundi wa mota huinunua ikiwa nzima kwa ajili ya vipuri.

Baadhi ya mafundi hubandika kipande cha tepe nyeupe chini ya mashine na kuandika kwa kalamu ya wino: tarehe, beringi au kaboni, na sahihi. Mwenye mashine na aombe kipande hicho. Siku sauti itakapobadilika tena, fundi ataigeuza mashine kwanza, asome, ndipo ainue bisibisi.